Mzee aliyetutembeza magofu ya Ugiriki hapa Roseville

Leo nimefokewa kwa kukalia madhabahu ya Wagiriki wa kale, na nilikuwa kazini hapa hapa Roseville.

Ngojeni niwaeleze.

Kwenye nyumba ya wazee ninakofanya kazi kuna mzee Mgiriki aliyefanyiwa upasuaji wa nyonga. Kazi yangu ni kumfanyisha mazoezi ya kutembea. Wiki tatu amekuwa akinijibu, "Kesho, dada."

Leo sikumbembeleza. Nilimwambia tu kwamba nimekata tiketi ya kwenda Ugiriki, nikamuuliza nikaone nini.

Kumbe alitembeza watalii kwenye magofu ya kwao miaka mingi.

"Hayo hayaelezwi mtu akiwa amekaa," akasema. "Lete fremu yangu ya kutembelea."

Jamani, akasimama.

Kabati la mashuka likawa lango la mji. Korido ikawa barabara ya mawe. Wazee wawili wakatufuata na viti vyao vya magurudumu. Mimi nikaegemea benchi, nikakaa kidogo.

"Toka hapo. Hiyo ni madhabahu."

Nikatoka mbio, nikaomba radhi.

Karibu na dirisha la mwisho, binti yake akatoka kwenye lifti. Alipomwona baba yake amesimama, akaziba mdomo kwa mkono.

"Umechelewa," mzee akamwambia. "Ungana na wenzako."

Akaungana nasi, machozi yakimtoka.

Nilipoleta kiti cha kumrudisha chumbani, mzee alikikataa. "Kiongozi wa watalii hasukumwi."

Mnaofanya kazi hii, niambieni: wazee wenu walikuwa kina nani kabla hamjakutana nao?