Siku Kipaza Alipotimiza Akidi

Dada yangu wanamwita Kipaza, na hawajamsingizia. Akinong'ona jikoni kwake, jirani anaitika. Udiwani wake wenyewe ulitokana na mdomo huo. Zamani hizo alikuwa fundi cherehani, kata nzima haina maji, na ofisa wa maji kila akienda anamwambia njoo kesho. Siku moja akabeba cherehani yake, akaitua mapokezi mbele ya mlango wa ofisa, akaanza kushona. Watu waliokuja kulipa bili wakawa wanamwachia suruali za kupunguza.

"Mama, hapa si mahali pa kushonea," mlinzi akamwambia.

"Hata pa kupigwa kalenda si hapa. Hebu sogea nikupime, shati hilo linakubana kwapani."

Ofisa alitoka kwa aibu, maji yakaja, na uchaguzi uliofuata hakuna aliyefurukuta mbele yake.

Mimi ni mdogo wake, seremala. Nampenda, na ananiudhi kupita kiasi. Miaka yote ya udiwani wake hatukuwahi kula mlo mmoja kwa amani. Simu inalia, anainuka na tonge mkononi: taa ya barabarani imezimika, mtaro umeziba, mtoto wa fulani amekosa nafasi shuleni. Shemeji, mtu mpole hadi unamhurumia, alikuwa anafunika chakula cha mkewe kwa sahani nyingine na kunyamaza. Vikaoni walimtoa nje mara kadhaa kwa kumkatiza Meya, na kila akitolewa wapiga kura wake wanashangilia. Mimi pia nilishangilia, nisiwe mnafiki.

Halafu wakautaka uwanja wetu. Ni uwanja wa maseremala, katani kwa Dada, nyuma ya stendi ya mabasi: mabanda ya mabati, mashine za randa, vumbi la mbao mpaka kwenye kope. Mimi msumeno wangu wa meza nimeufunga kwa nati kwenye zege niliyoimwaga mwenyewe, na kwa msumeno huo wanangu wanasoma. Meya alitaka kiwanja chote apewe mwekezaji ajenge ghorofa la kuegesha magari. Sisi tukaambiwa tutatafutiwa mahali. Nani asiyejua maana ya kutafutiwa mahali? Wauza mitumba walitafutiwa, mpaka leo wanatafuta wenyewe.

Kwa kura tusingemweza Meya, ana watu wengi. Lakini siku ya kikao watu wake kadhaa walikuwa wagonjwa na wengine safarini, na hilo aliligundua Mwalimu. Huyu ni mwalimu mstaafu, diwani wa kata ya jirani, rafiki wa Dada. Asubuhi ile alitukusanya sebuleni kwa Dada, sisi wa nyumbani na madiwani wa upande wetu.

"Kikao hakifunguliwi mpaka nusu ya madiwani wawe ndani," alisema. "Ndiyo akidi. Bila sisi hawafiki. Wakingoja nusu saa bila kutimia, kikao kimekufa. Na ahadi ya mwekezaji inakoma leo, ameshaanza kuchungulia kiwanja kingine. Kwa hiyo kazi yetu ni moja: tukae kwenye benchi la nje, tufunge midomo."

Wote wakamgeukia dada yangu.

"Mbona mnaniangalia mimi?"

"Tunaangalia saa ya ukutani, mke wangu," Shemeji akasema. Tukacheka, lakini kicheko chenyewe kilikuwa cha roho juu.

Mwalimu akanikanya nisiwaambie wenzangu uwanjani, mpango usije ukavuja. Nikaapa.

Ukumbi wa halmashauri una roshani ya wananchi, na kutoka pale unaona ukumbi wote chini, na kupitia milango ya vioo unaona hadi nje, kwenye benchi. Nilikaa na Babu Randa, fundi mzee kuliko wote uwanjani, aliyenifundisha kazi. Chini kuna kizuizi cha mbao kinachotenga viti vya madiwani. Diwani akishakivuka, anahesabiwa amehudhuria. Na kikao kikishafunguliwa, hata akitoka, hakivunjiki. Kanuni hizo Dada alizijua kama anavyojua kupinda pindo.

Karani akahesabu. "Bado mmoja, Mheshimiwa Meya."

Mmoja tu! Nikainamia ukingo wa roshani. Meya wala hakukunja uso. Ni mtu asiyepandisha sauti, na ndiyo maana namwogopa. Akatazama saa, akatazama milango ya vioo, akawasha kipaza sauti chake. Spika zile zinasikika hadi nje kwenye benchi.

"Wakati tunawangoja wenzetu," alisema taratibu, "niwatoe wananchi wasiwasi. Uwanja ule umekuwa maficho ya wezi."

Roshani ikaguna. Nje, Dada alikaa. Nilimwona ameuma mdomo.

"Mafundi wenyewe wamechoka na pale, wamekubali kuhama."

Dada akatikisika. Mwalimu akamshika mkono wa joho lake la udiwani. Saa ilikuwa imebakiza dakika chache, nami nikawa naomba moyoni: kaa, Dada, kaa, nakuomba, leo tu.

"Na diwani wao," Meya akaendelea, kama mtu anayesimulia habari za hali ya hewa, "alikuja ofisini kwangu akaridhia mwenyewe. Aliniomba tu nisimtaje mbele za watu."

Babu Randa akanigeukia. "Ni kweli haya?"

"Muongo huyo, Babu! Muongo!"

Lakini macho ya mzee yalikuwa tayari yana shaka, na roshani nzima ilikuwa inanong'ona. Nikatazama chini. Mwalimu alikuwa amebaki na joho tupu mkononi. Mlango ukagonga ukuta.

"Dada, usiingie!" nikapiga kelele. Lakini kwa kelele zake, angenisikia wapi?

"Muongo! Muongo mkubwa we! Lini? Ofisi ipi? Taja siku, taja na shahidi!" Alikuja kama alivyo, kidole mbele, akasukuma kizuizi, akapita. Roshani ikalipuka kwa makofi.

Meya hakumjibu. Alimtazama karani tu.

"Akidi imetimia, Mheshimiwa Meya."

Nyundo ikagongwa. Sauti ya Dada ilikatika katikati ya neno. Nilimwona alipoelewa, na natamani nisingemwona. Akarudi nyuma, akavuka kizuizi kinyumenyume, kama mtu aliyekanyaga zege mbichi.

"Kutoka kwako hakuvunji kikao, Mheshimiwa," Meya akamwambia kwa adabu zote. "Karibu ukae."

Wenzake wakakimbilia ndani kupiga kura za kukataa. Tukashindwa, kama tulivyojua. Uwanja ukaenda.

Kwenye ngazi za nje Mwalimu akamrudishia joho. Hakumgombeza, na nadhani hilo lilimuuma zaidi. "Watu hawajui habari za akidi," alimwambia polepole. "Wamekuona unawapigania. Waambie tumezidiwa kura. Si uongo. Uchaguzi uko karibu."

Mimi nilimkasirikia kweli kweli. Na bado nilitaka amsikilize Mwalimu. Nimeshapoteza uwanja, nipoteze na jina la dada yangu?

Uwanjani habari zilikuwa zimetutangulia. Wakampokea kwa kugonga mbao, "Kipaza! Kipaza!", na fundi mmoja akamletea kiti. Babu Randa akamshika mikono yote miwili.

"Kiwanja kimeenda, lakini umetupigania, mwanangu. Hata mimi nilikushuku kidogo, unisamehe."

Dada akanitazama. Nikatikisa kichwa: usiseme. Akaiondoa mikono yake mikononi mwa mzee.

"Usiniombe msamaha, Babu. Kikao kilikuwa kimepungukiwa mtu mmoja. Bila huyo kisingefunguliwa, na mngebaki hapa. Tulikubaliana tukae nje. Nilijua. Nikaingia."

Hakuna aliyeelewa mara moja. Akarudia kuwaeleza, hatua kwa hatua, bila kujitetea, mpaka mbao zikaacha kugongwa. Mmoja akatukana. Mwingine akakirudisha kiti chake bandani.

"Lakini alikuwa anakusingizia," Babu Randa akasema hatimaye.

"Ndiyo."

"Si ungemwacha aseme."

"Mngeniona msaliti, Babu. Nyinyi nyote."

Mzee akaitikia kwa kichwa. "Tungekuona msaliti, ndiyo. Tungekusema vibaya kila siku, mwanangu. Lakini tungekusema hapa hapa, tukiwa kazini."

Hakusema kwa ukali. Akaingia bandani kwake, tukamsikia anaanza kufungua nati za mashine yake ya randa, moja moja. Wengine wakatawanyika.

Nilitaka kumwambia Dada neno. La kumtukana au la kumfariji, hata sasa sijui. Yeye alilikunja joho, akalitupa juu ya rundo la mbao, akaja akapiga magoti kwenye zege kando ya msumeno wangu.

"Nipe spana," akasema. "Na we mtoto usinisemeshe."