Siku Makumi Tatu za Chef Gamaliel

Ukitaka kumjua Kanyere, usiulize anauza nini. Anauza birayi, vile viazi vyenye udongo mweusi wa Masereka, kama wanawake wengine wengi tu sokoni Butembo. Uliza anamchukia nani. Atakujibu kabla hujamaliza swali: chef Gamaliel, mkuu wa mtaa wake.

Miaka kumi na tisa mjane huyu alipanga nyumba ya Leta, yaani ya serikali, na mkataba wake ulikuwa na muhuri. Jumanne moja akapanda Masereka kununua viazi. Aliporudi alikuta godoro lake kwenye matope, sufuria mtaroni, na binti yake Tamar ameketi barabarani analia. Mlangoni kulikuwa na kufuli jipya, na ufunguo uko mkononi mwa Gamaliel.

"Barua iko wapi?" Kanyere akauliza.

"Barua ya nini, mama? Nyumba ni ya Leta. Leta njo ilitoa, Leta njo inakamata."

Wiki mbili baadaye huyo Leta akahamia. Alikuwa Gamaliel mwenyewe, na mke wake, na makochi yao. Sasa niambie, mtu kama huyo utamsamehe? Padri alimwomba Kanyere asamehe. Akajibu, "Ndiyo, padri," akatoka kanisani akaenda moja kwa moja tribunali.

Alikwenda huko miezi kumi na minne. Wakimwahirishia, anarudi. Yeye na Tamar walijibana kwa mdogo wake, watu saba chumba kimoja, na chuki ndiyo iliyomwamsha kila asubuhi. Mwisho hakimu akasema wazi: mpangaji hatolewi kwenye nyumba ya Leta bila barua, bila siku za kujitayarisha, bila kusikilizwa. Nyumba irudi kwake.

Stanislas, mtu wa mahakama wa kutekeleza hukumu, akaja na polisi wawili. "Mama, huyu hapana mupangaji. Tunaweza kumufukuza leo leo."

Mvua ilikuwa imetoka kunyesha na matope yalikuwa tele. Mtaa mzima ulikuwa umesimama nje. Kanyere alikuwa ameitamani asubuhi hiyo mpaka ikamkondesha.

"Yeye alipata barua?" akauliza.

"Hapana."

"Donc mumupatie. Mumupatie siku makumi tatu. Na muibandike ku mulango, fasi batu bote banaweza kusoma."

Stanislas alimtazama kidogo, akaelewa, akaagiza gundi.

Na watu walisoma, jamani. Wasukuma chukudu, zile baiskeli za mbao za kubebea mizigo, walisimamisha mizigo yao ili wasome. Watoto wa shule waliisoma kwa sauti, herufi moja moja. Kanyere akahamisha viazi vyake, akawa anauzia ng'ambo ya barabara, na kila asubuhi alimsalimia mwenye nyumba kwa adabu zote, akipunguza siku moja: "Papa chef, imebaki makumi mbili na tano." Mke wa chef akaanza kupita njia ya nyuma. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu.

Siku ya tisa Gamaliel alivuka barabara, kofia mkononi.

"Mama, naomba. Nitatoka kesho. Mais utoe ile karatasi."

"Kutoka, unaweza kutoka hata sasa, papa. Mais karatasi ni haki yako. Mi niko nani juu ya kukunyima haki yako?"

Kesho yake akahama mchana kweupe, makochi juu ya chukudu, macho chini. Stanislas akamletea Kanyere ufunguo. Tamar alikuwa ameshafunga nguo zao zote kwenye magunia.

"Mama, twende kwetu."

"Bado siku makumi mbili."

"Mais yeye hapana tena mule."

"Nilimupatia makumi tatu," Kanyere alisema. "Karatasi inabaki ku mulango. Atazikula zote."

Tamar akayarudisha magunia ndani ya chumba cha mama yake mdogo, na hakumsemesha mama yake siku hiyo wala ya pili.