Kitovu na Mtoto wa Plastiki

Filamu yetu wauguzi ilikuwa fupi, nami niliionea fahari kupita kiasi. Tuliirekodi Mji Mkongwe, nikiwa na sare yangu ya uuguzi, nikimwogesha mwanasesere wa plastiki na kueleza kwamba kitovu cha mtoto mchanga hakipakwi kitu, huachwa kikauke chenyewe.

Siku ya kuionyesha katika kituo cha afya cha Bwejuu, chumba kilijaa mabibi. Mzazi mpya hata mmoja hakuwepo! Wote walikuwa ndani, hawajatimiza arubaini zao, na mimi, mzaliwa wa Unguja niliyezaa watatu, nilisahau jambo hilo utadhani nimeshuka jana. Nilijikasirikia. Mabibi wao walifurahi, hasa walipomwona mwanasesere.

"Huyo hata halii," alisema mmoja. "Mtoto asolia hajaoga huyo."

Mke wa mwanawe bibi huyo alikuwa amejifungua juzi yake. Nikamsikia akimwambia jirani kwamba ameshachoma kifuu cha nazi, majivu ya kumpaka mjukuu kitovuni yako tayari. Nimewahi kumpokea mtoto mwenye kitovu kilichooza, na sikutaka kumpokea mwingine.

Nikamfuata nyumbani.

"Shikamoo, Bi."

"Marahaba, mwanangu. Umekuja na mtoto wako wa plastiki?"

Nikameza hasira. Mzazi alikuwa kitandani akiniangalia kwa macho ya kuomba. Kumpinga mama mkwe asingethubutu. Basi sikufundisha kitu. Nilimwomba bibi amwogeshe mjukuu wake, nami nirekodi kwa simu niwapelekee wazazi walio ndani, kwa kuwa mikono yake inajua kuliko yangu. Haukuwa uongo. Alimgeuza yule mtoto kwa mkono mmoja, kichwa kimetulia kiganjani, hata nikaona haya kwa jinsi nilivyomkamata mwanasesere wangu.

"Ila kitovu, Bi, nakuomba ukiache hivyohivyo. Wazazi wote watakuangalia wewe."

Alinitazama, akamtazama mtoto. Kisha akalisukuma bakuli la majivu uvunguni na kujitanda kanga vizuri.

"Kitovu hakitiwi kitu," aliiambia simu, kwa ukali kama aliyekuwa akilisema hilo miaka yote.

Siku kadhaa nilikaa roho juu, nikiogopa kwamba nilipompa mgongo tu alilivuta lile bakuli. Hatimaye akanipigia mwenyewe: kitovu kimeanguka, kikavu, mtoto mzima. Machozi yalinitoka kwa furaha.

"Si nlikwambia mie kisitiwe kitu?" akasema.

"Ulinambia, Bi," nikajibu.