Ufunguo Niliokataa Kuurudisha

Mwanangu, mwaka ulikuwa 1955, masika yamekwisha na maji ya Tana yanarudi mtoni, nami nilikuwa mjane wa miaka ishirini na saba. Nakumbuka siku moja ya Juni niliyotoka Garsen nikiwa nimefunga ufunguo wa mtu katika ncha ya leso yangu. Tarehe yake siwezi kukutajia, maana wakati huo sikuwa nimesoma, na jambo hilo linaniudhi hadi leo.

Ufunguo ulikuwa wa chumba cha Mzee Wario, mfugaji wa Kiorma aliyejenga nyumba ya udongo karibu na kivuko. Nilikuwa nimekipanga mwaka mzima, nikiwauzia chai wasafiri waliongoja kuvuka. Nilipoingia, Mzee Wario alikataa dhamana ya fedha. Alitaka kitu ambacho macho yake yanakifahamu. Nilikuwa na mtamba mmoja tu, ng'ombe ambaye marehemu mume wangu alipewa kwa kazi ya miaka miwili, na huo ndio uliokuwa urithi wote wa mtoto wetu Komora. Tulikubaliana mbele ya wazee wawili kwamba Mzee Wario atamchunga pamoja na ng'ombe wake, na siku nitakayorudisha chumba kikiwa kizima, ng'ombe wangu atarudi.

Nilipohama ili nikalime mpunga Kulesa, pembe ya ukuta ilikuwa imeporomoka. Mzee Wario aliizunguka nyumba, akatia kidole katika ufa.

"Mama Komora, ng'ombe bado. Ukuta kwanza."

"Ukuta umeangushwa na mvua, Mzee Wario. Kwani mimi ndiye ninayenyesha?"

Watu wa kivukoni wakacheka, na kicheko chao kikanipa kichwa. Nilifunga mlango, nikamwambia kwamba ufunguo ataupata siku nitakapomshika ng'ombe wangu kamba.

Ikapita miezi mitano. Nilisikia kuwa mtamba amezaa ndama jike, nikazidi kuukumbatia ufunguo, nikihesabu kwamba sasa ninadai wawili. Hawayu, shangazi wa marehemu mume wangu, alinikuta nikiusugua kwa majivu usishike kutu.

"Nani anayelipa kodi ya chumba kile?" aliniuliza.

"Hakuna, Shangazi. Mimi nimehama."

"Wario anaweza kukipangisha kwa mwingine?"

"Ataingia vipi? Ufunguo ninao."

"Sasa umehama nini, wewe? Jiko lako liko Kulesa, na chumba cha watu bado umekikalia!"

Mama yule alikuwa na desturi ya kukuuliza neno kisha akaenda zake kutwanga, akuache nalo. Lakini niliamua kwamba urithi wa Komora sitauacha katika zizi la mtu, hata kama kosa langu nitalazimika kulitamka mwenyewe. Nilipeleka madai yangu kwenye baraza la wazee, Garsen.

Tulisikilizwa siku ya Alhamisi, tarehe 17 Novemba 1955. Karani aliniuliza nilihama lini.

"Maji yalipopungua," nikasema.

"Mama, maji hupungua kila mwaka."

Watu wa barazani nao wakacheka, na safari hii nilistahili. Kabla hawajaniuliza jingine, niliufungua ufunguo kutoka katika leso, nikauweka mezani. Nikasema kwamba nilikifunga chumba kwa hasira, na kwamba Mzee Wario hakuweza kukitumia tangu siku ile.

Wazee waliamua kwamba ukuta uliangushwa na mvua, wala si mimi. Ng'ombe alikuwa wangu pamoja na uzao wake. Ila miezi mitano ya ufunguo ilikuwa kodi, na kodi hiyo sikuwa nayo. Ndama angeilipa. Kwa kuwa alikuwa bado ananyonya, ningekwenda naye Kulesa, nimlee hadi aache ziwa, kisha nimkabidhi Mzee Wario akiwa mzima.

Hivyo mimi niliyelia juu ya dhamana nikawa mshika dhamana. Chuchu mbili za ng'ombe nilimwachia ndama, mbili nilimkamulia Komora, na zilikuwako asubuhi ambazo mtoto alililia zaidi nami nikakataa kuongeza. Jioni nilikwenda katika darasa la watu wazima, nikajifunza kuandika, na kabla ya jina langu nilitaka kwanza kufundishwa tarehe.

Kwa hiyo, mwanangu, utakapopanga nyumba ya watu, dhamana yako idai bila haya, uifuate hadi barazani ikibidi. Lakini mali ya mwenzako usiizuie kwa sababu amezuia yako. Siku unapohama, mkabidhi ufunguo wake mbele ya shahidi, na siku hiyo uiandike. Baada ya hapo simama wima udai, kwa maana hakutakuwa na neno la kukurudi.

Jumatano, tarehe 23 Mei 1956, nilimfikisha ndama Garsen. Mzee Wario alimzunguka kama alivyoizunguka nyumba, akambonyeza mbavu kwa kidole kile kile. Nilishika kamba, nikingoja amtafutie naye kasoro, kama ile pembe ya ukuta iliyoporomoka.

"Huyu amenyonya," alisema mwishowe. "Hukumnyima."

Nikatoa karatasi ya kumkabidhi ndama niliyoiandika mwenyewe, nikaisoma mbele ya karani, tarehe ikiwa ya kwanza. Mzee Wario aliweka dole gumba lake chini ya maneno yangu, akainua mikono.

"Mama Komora, Mungu asikate maziwa nyumbani mwako."

Nilisema amina. Nawe, mwanangu, nakuombea dua ile ile.