Nyumba ya Kumi

Juzi nilikwenda ofisi ya kata kujiandikisha, na kijana wa kompyuta akanikwamisha kwa swali dogo kabisa.

"Mama, umezaliwa mkoa gani?"

"Arusha."

"Wilaya?"

"Hanang."

Akaacha kubonyeza. "Hanang iko Manyara, mama."

"Najua, mwanangu. Ila nilipozaliwa ilikuwa Arusha."

"Sasa ulihama lini?"

Nikamwambia sijahama. Nyumba niliyozaliwa iko kule kule Mogitu, ukisimama mlangoni unauona mlima. Watu wa foleni wakacheka, mama mmoja nyuma yangu akasema, "Mwenzetu amehamishwa akiwa amelala." Nami nikacheka. Kijana akaandika Manyara. Nilikaza macho kwenye kidole chake mpaka alipomaliza, maana mimi najua mwandishi anavyoweza kumpoteza mtu. Niliwahi kumpoteza mmoja, nikiwa na miaka kumi hivi, au kumi na moja, sina hakika. Nitakueleza kama ninavyokumbuka, na pale nisipokumbuka vizuri nitasema.

Bibi yangu alikuwa balozi wa nyumba kumi. Siku hizo chama kilikuwa kimoja, na kila nyumba kumi zilikuwa na balozi wake. Mkigombana mnakwenda kwake. Mgeni akifika anaandikwa kwake. Bibi hakujua kusoma, kwa hiyo daftari nililishika mimi tangu nilipojua kuumba herufi. Lilikuwa na jalada gumu jeusi, na ndani kila nyumba ilikuwa na ukurasa wake: namba, mwenye nyumba, idadi ya watu, halafu wageni. Zamani kidogo, sukari ilipokuwa ya shida, daftari hilo ndilo lililosema nyumba gani ipate kiasi gani. Ninavyopenda kuandika andika mpaka leo, nadhani nilianzia pale. Darasani sikufika mbali.

Nyumba ya kumi ilikuwa ya jirani wa bondeni. Nilimwita babu ingawa hakuwa babu yangu. Alikuwa mrefu, mwenye utani, na kwenye boma lake alikaa ng'ombe wa bibi, mwekundu mwenye doa jeupe usoni. Kwetu watu hawakuwa wanaweka ng'ombe wao wote mahali pamoja. Unampa jirani mmoja, yeye anakamua maziwa na kuchukua samadi, ndama wanabaki wako, na ugonjwa ukiingia bomani kwako haukumalizi. Lakini ng'ombe si ng'ombe tu. Huyo aliyeko kwa mwenzako ndiye anayesema nyie ni watu wa kufaana. Siku akirudishwa bila sababu, kila mtu anaelewa: tumeishia hapa, msiba wako si wangu, na jembe langu halitaingia shambani kwako.

Sasa mambo yakaanza kubadilika. Maduka ya Katesh yakajaa sabuni za kila rangi, mitumba ikaja, na sukari ikawa ya yeyote mwenye hela. Mwalimu wetu akatufundisha kwamba sasa vyama ni vingi na kila mtu atachagua anachotaka. Aliliongelea jambo hilo kwa furaha, akachora vibendera ubaoni kwa chaki za rangi, na sisi tukafurahi kwa sababu ya chaki. Wiki chache baadaye, asubuhi moja tukitoka kuchota maji na punda, tukaona bondeni mti mrefu umesimikwa, na juu yake bendera ambayo haikuwa ya chama cha bibi.

Bibi aliitazama kwa muda. Kisha akasema, "Aliyeondoka ameondoka," akaingia kukoroga uji. Nisimpake matope. Alikuwa na uchungu, na nadhani jirani naye angeweza kuja kumwambia kwanza kabla ya kusimika mti. Lakini pia mti ulikuwa wake na uwanja ni wake. Mpaka leo sijaamua.

Mimi niliamua siku hiyo hiyo. Balozi ni wa chama. Yule si wa chama. Kumi toa moja, tisa. Nikachukua kalamu nyekundu niliyookota shuleni na rula ya mbao, nikapiga mstari ukurasa mzima wa nyumba ya kumi, pembe hadi pembe. Hakuna aliyenituma. Niliona nimefanya kazi safi.

Siku mbili tatu baadaye bibi alikuwa mashineni kusaga, nami nimekaa nje nachambua mahindi ya makande. Jirani akapanda kutoka bondeni, fimbo mkononi.

"Shikamoo babu."

"Marahaba, karani. Balozi yupo?"

"Amekwenda mashineni."

"Basi niandikie wewe. Binti yangu aliyeolewa Dirma amefika jana na mtoto. Watakaa mpaka mavuno."

Alikuja kuandikisha mgeni kama siku zote, bendera yake ikipepea kule chini. Ningekuwa na akili ningeandika. Badala yake nikamwambia, kwa adabu kabisa, "Babu, nyumba yenu nimeifuta."

Hakukasirika. Aliomba aone. Nikamletea daftari, nikamfungulia ukurasa. Yeye alijua kusoma. Alitazama, akaupitisha ukucha juu ya mstari ule mwekundu.

"Umetumia rula," akasema.

"Ndiyo, babu."

"Vizuri. Umenyooka." Akanirudishia daftari kwa mikono miwili, akashuka zake.

Kesho yake tuliamshwa na ng'ombe akilia langoni. Jirani alikuwa amesimama pale ameshika kamba, na mwisho wa kamba ni yule mwekundu mwenye doa, ndama wake nyuma.

Bibi akatoka akijifunga khanga. "Ana nini? Anaumwa?"

"Ni mzima. Mwenye kasoro ni mimi, balozi. Sina nyumba. Asiye na nyumba atafuga wapi?"

"Maneno gani hayo ya asubuhi?"

"Muulize karani wako." Akafunga kamba kwenye nguzo ya lango, akaondoka bila kunywa hata maji. Mtu kuondoka kwetu asubuhi bila kunywa kitu, mimi sikuwahi kuona.

Bibi akanigeukia. Nikaleta daftari. Herufi hakuzijua, lakini mstari aliuona.

"Hii ndiyo nyumba yake?"

"Ndiyo, bibi."

"Na watoto wake wamo humu chini ya wino?"

"Wamo."

Nilingoja fimbo, haikuja. Alikaa kwenye kigoda mpaka uji ukashika chungu na moshi ukajaa jikoni. Halafu akasema, "Na mimi mdomo wangu ulikutangulia." Sentensi hiyo naikumbuka kuliko viboko vyote nilivyopigwa shuleni.

Alijaribu kumkamua yule ng'ombe. Ng'ombe alizoea mikono ya mke wa jirani na nyimbo zake, akapiga teke kibuyu kikaenda kusimama kwenye kinyesi. Bibi akajipangusa uso na kusema, "Hata wewe umehama chama?" Hapo nikajua tutapona, kwa sababu alikuwa anatania.

Akang'oa majani mabichi pembeni ya mfereji, fungu la kujaa kiganja. Kwetu anayekuja na majani mkononi amekuja kuomba radhi, na si vizuri kumfukuza. Mimi nikabeba daftari. Tukashuka bondeni: bibi mbele, ng'ombe katikati, ndama anakimbia huku na huku, na mimi nyuma kama mtu anayepelekwa polisi. Watu walisimama mashambani kututazama.

Jirani alikuwa anapigilia mpini wa jembe chini ya bendera yake. Hakusimama. Mke wake ndiye aliyetangulia kutusalimia, na ng'ombe akamwendea moja kwa moja.

"Nimekuja," bibi akasema, akanyoosha majani.

"Naona. Umekuja kwa mpinzani mchana kweupe. Chama chako kitasemaje?"

"Chama hakijawahi kunikamulia ng'ombe."

Jirani akaangalia jembe lake. Nilihesabu akipigilia mara tatu, labda nne. Ndipo akaweka jembe chini na kuyapokea majani.

"Lakini karani aniandike upya hapa hapa, nikiona," akasema. "Na safari hii nataka namba moja."

"Namba moja ni yangu," bibi akajibu.

"Si mnasema sasa watu wachague?"

"Chagua nyingine."

"Haya. Nibakizieni ya kumi."

Nikapiga magoti, nikafungua ukurasa mpya. Alinitajia kila jina taratibu. Nyumba ya kumi. Yeye, mkewe, watoto. Wageni: binti kutoka Dirma, na mtoto mchanga mgongoni. Mwisho akaniambia, "Ongeza: ng'ombe wa balozi, mmoja, na ndama." Bibi akasema ng'ombe hawaandikwi. Jirani akasema huyu aandikwe. Nikaandika. Tulikunywa maziwa ya mtindi yenye harufu ya moshi wa kibuyu, na nilipewa kikombe kikubwa kuliko nilivyostahili.

Siku ya kupiga kura waliondoka pamoja, bibi kwa kitenge kipya, jirani kwa koti la mtumba lililomfika magotini. Njiani walichekana. Nani alimchagua nani sikujua, na sikuuliza. Bendera zote mbili, ya bondeni na ya langoni kwetu, zilichanwa na upepo wa mlimani msimu ule ule, na mke wa jirani akatumia vipande kufungia vikapu.

Baadaye mkoa nao ukagawanywa, tukaambiwa sasa makao makuu ni Babati. Jirani, mzee tayari, alipanda mpaka kwetu kwa fimbo mbili kumuuliza bibi, "Balozi, na ng'ombe amehama mkoa?"

"Yuko kwako," bibi akasema. "Kama wewe umehama, mwache."

Wote wawili wameshazikwa. Bibi alipokufa, jirani hakuweza kushika jembe tena, lakini wanawe walikuwa wa kwanza kufika kuchimba. Daftari liliisha kwa mchwa. Mgeni siku hizi hafikishwi kwa mtu, anapigiwa simu tu. Watu wamezungushia maboma yao seng'enge na kila mmoja anajua ng'ombe wake kwa idadi. Maji yamekaribia, sukari ipo, na mwanangu amesoma kunizidi mbali. Siwezi kusema tulikuwa bora zamani. Nasema tu kwamba ninakumbuka.

Nilipotoka ofisi ya kata nilipita bondeni. Mtoto wa mwisho wa jirani alikuwa anakamua. Ng'ombe mwekundu, doa usoni, wa uzao wa yule yule.

"Shikamoo dada," akasema bila kuacha kukamua. "Huyu wenu ana mimba tena."

Akasema wenu. Sijawahi kumdai, nao hawajawahi kumrudisha. Nikamwambia mwache akae, nikanywa maziwa, nikaenda nyumbani kuyaandika haya, kwa mkono, bila rula.