Chumba cha Moscow Kilichokosa Urusi

Gennadi alikuwa na kazi ambayo mashemeji zake wa Musoma hawakuielewa hata siku moja. Kule Moscow alikuwa akijenga mahali pa kuchezea filamu: majumba ya kifalme ya mbao, mitaa inayosubiri kuchomwa moto, theluji ya chumvi katikati ya kiangazi. Walipouliza kama majumba hayo yana wapangaji, aliwajibu kwamba hubomolewa filamu ikiisha. Wakamwonea huruma dada yao.

Alipohamia Woodbridge kumfuata mkewe Wambura, daktari aliyepata kazi ya unesi huko, Marekani ilikitambua kipaji cha Gennadi mara moja: ikampa kazi ya kufunga makabati ya jikoni. Watanzania wenzake Wambura wakamwongezea heshima ya kupamba kumbi za sendofu, zile sherehe za kumuaga bibi harusi, bure, kwa kuwa shemeji ni msanii.

Halafu mwaka jana simu ikaita. Kampuni moja ndogo ilikuwa inatengeneza filamu ya majasusi na ilihitaji nyumba ya familia ya Moscow. Mwongozaji, kijana aitwaye Ethan, hakuwahi kufika Urusi, lakini alikuwa ameitazama sana kwenye simu.

Ndani ya bohari moja Gennadi akajenga chumba alichokulia. Zulia ukutani. Kabati la vyombo visivyoguswa mpaka mgeni aje. Kibaraza chenye mitungi ya matango ya siki. Alifanya kazi mpaka akasahau kula, jambo ambalo makabati hayakuwahi kumfanyia.

Ethan alikuja, akazunguka, akashika kidevu.

"Nzuri sana. Ila haionekani ya Kirusi."

"Mimi nimekulia humu," Gennadi akasema.

"Ndiyo, lakini mtazamaji hakukulia humu. Tunaweza kupata dubu?"

"Dubu?"

"Ngozi tu, hapo sakafuni. Na dirishani tuweke yale makanisa yenye vichwa kama vitunguu."

Gennadi akamweleza kwamba dirishani kwa mama yake palionekana gereji na ghorofa la jirani. Ethan akaahidi kulifikiria, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kufikiria.

Gennadi alifika nyumbani anatokota kwa hasira. "Dubu, Wambura! Mama yangu na dubu!"

Wambura, bado yumo ndani ya sare ya kazi, alicheka mpaka akakaa kwenye ngazi. "Na simba wako je, Baba Flaviana?"

Binti yao akainua kichwa na kuuliza, kwa Kiingereza kama kawaida yake, simba gani tena huyo.

Ikabidi aambiwe. Wambura alikuwa akisomea udaktari Moscow, akachukuliwa pamoja na wanafunzi wenzake Waafrika kuigiza wanakijiji kwenye filamu. Studio alikuta vibanda vya nyasi ambavyo milango yake ingemtosha mbuzi, na simba aliyejazwa majani, amelala jikoni kama paka. Gennadi, aliyevijenga bila kukanyaga Afrika, alimuuliza kwa fahari kama anajisikia nyumbani. Wambura akamweleza anavyojisikia, kwa Kirusi fasaha, mbele ya studio nzima. Baada ya wiki Gennadi alibisha hodi bwenini na maua mkononi, akaomba aelezwe jiko la kwao lilivyo.

"Lakini simba alikuwa mzuri," Gennadi akanong'ona.

"Mzuri sana. Shida yake alikuwa jikoni kwa mama yangu."

Asubuhi Gennadi alirudi boharini bila ugomvi. "Mama yako anaishi wapi?" akamuuliza Ethan.

"Ohio."

"Jikoni kwake kuna nini?"

Ethan akaanza kidogo kidogo, kisha akanogewa: saa iliyosimama, kopo la vifungo, kiti ambacho hakuna aruhusiwaye kukikalia.

"Na farasi amefungwa wapi?"

"Farasi? Sisi si wachunga ng'ombe wa sinema," Ethan akasema, kisha akageuka kulitazama dirisha. Siku hiyo makanisa ya dirishani yakafutwa kwenye mpango. Dubu alibaki, kwani alikwisha kukodiwa, na sanaa ina mipaka yake.

Filamu ilionyeshwa katika ukumbi mdogo mtaa wa Columbia Heights. Chumba kilipita upesi, ukipiga chafya umekikosa. Jina la Gennadi lilikosewa herufi mbili. Mhakiki pekee aliyejitokeza alisifu dubu kwa kuleta uhalisia. Wambura alimsomea mumewe uhakiki huo mara tatu, kwa furaha isiyo ya kindoa.

Jumatatu Gennadi alirudi kwenye makabati. Siku hizi Ethan humpigia kabla ya kukodi kitu chochote, na mara nyingine hata husikiliza.