Migomba Iliyosimama Tena

Mama aliniita nyumbani Ihembe nimsaidie kung'oa migomba. Ugonjwa wa mnyauko ulikuwa umeingia kwenye kibanja chetu, lile shamba la migomba na kahawa linalozunguka nyumba. Mimi kazi yangu ni filamu zisizo na mnunuzi, nusu za mambo ya kweli, nusu za kujaribujaribu, kwa hiyo nilikuja na kamera.

Bwana shamba alikuwa ameshapita. Alimwelekeza mama kwamba kila mgomba wenye dalili, kama ndizi zinazoiva kabla ya kukomaa, ung'olewe, na panga lipitishwe motoni kabla ya kugusa mwingine. Tulipokata shina, yalitoka maji ya njano kama usaha. Nilimwomba mama ruhusa ya kupiga picha. Akasema nipige migomba, yeye nimwache. Ndiyo maana katika filamu yangu unaonekana mkono wake tu, na panga, na mgomba unaoinama taratibu hadi chini. Tulianza na iliyougua. Dalili zikazidi kuenea, mwishowe ikaanguka yote, hata ule ambao marehemu baba aliupanda mbele ya mlango.

Nilikaa na picha hizo kwenye chumba nilichopanga Omurushaka. Kila nilivyoziunganisha, hazikusema kitu. Siku moja nikazicheza kinyumenyume. Mgomba ukanyanyuka kutoka ardhini, ukasimama, panga likajiondoa shinani. Niliona nimepata kitu cha kumpelekea mama.

Mwenye kibanda cha video pale Omurushaka aliniachia ukumbi Jumapili moja, baada ya ibada, nikamwalika mama. Watu walikuja wakitegemea picha ya mapigano. Walipoona ni migomba tu, tena bila sauti, wakaanza kutoka mmoja mmoja. Mama alibaki benchi la mbele na kitenge chake cha kanisani. Mgomba wa baba ulipoinuka mbele ya mlango, aliinama. Nilidhani analia, kumbe anatafuta viatu alivyokuwa amevivua.

Nilimfuata nje, nikamuuliza ameionaje.

"Mwanangu, nilikuwa nimeanza kuzoea kuiona barabara nikiwa jikoni, migomba haipo," alisema. "Sasa leo nikifika nyumbani nitatazama wapi?"

Nilimsindikiza hadi kwenye gari la Ihembe, akapanda bila kugeuka.

Filamu ile niliituma kwenye matamasha kadhaa. Waliojibu walishukuru tu. Pale kwenye kibanja mama alijaribu mahindi, yakatoka mafupi na ya njano, na kahawa iliyokosa kivuli ikaanza kukauka. Mwishowe alifunga nyumba akahamia kwa mdogo wake wa kike kule Bugomora.

Juzi nilimpigia simu. Baada ya shikamoo nikauliza habari za huko. Alisema kwa mama mdogo nako ndizi zimeanza kuiva kabla hazijakomaa, na jana wameanza kukata migomba. Kisha akaniuliza kama nimekula.